Herufi chakavu za mtindo wa panki kwenye mabango na tisheti: zitumikeje bila kuonekana za kuigiza?

MbunifuChuga (Arusha):

Wanajukwaa, habari za kazi. Ninafanya usanifu wa michoro hapa Arusha, zaidi mabango, stika na tisheti, na kwa sasa nimepewa kazi na vijana wa Ngarenaro wanaoandaa onyesho la hip hop na roki mtaani kwao. Wanahitaji bango la karatasi ya A2, tisheti zitakazochapwa kwa skrini (kwa kupitisha wino kwenye wavu), na stika za kubandika kwenye vifodi, daladala ndogo za hapa mjini. Maelekezo yao ni mafupi: wanataka herufi chafu za kuchora kwa mkono, kama zile za bendi za panki (roki ya fujo ya miaka ya sabini) za Uingereza, na wamenitumia picha kadhaa za majalada ya santuri za zamani ili nione wanachokusudia.

Nimepakua fonti nyingi za bure za aina hiyo, zenye mikwaruzo, matone ya wino na kingo zilizomeguka, lakini kila ninapoandika kichwa cha bango kinaonekana cha kuigiza. Sababu moja nimeiona mwenyewe. Kichwa ni TAMASHA LA MTAANI, na ndani yake zimo A sita; zote sita zina pengo lilelile kwenye mguu wa kushoto na tone lilelile la wino juu ya kilele. Nadhani mtu aliyeichora fonti hiyo kwa Kiingereza hakuona taabu yoyote, lakini katika Kiswahili A haikwepeki, na jicho la msomaji linagundua mara moja kwamba ni muhuri uliogongwa mara sita.

Jambo la pili ni kwamba mdhamini wao, mfanyabiashara wa vipuri, alipoona rasimu ya kwanza aliniuliza kama printa yangu imeishiwa wino. Alikuwa hatanii. Sasa ninaomba ushauri wa wenye uzoefu: herufi za namna hii zinachaguliwaje, zitumike kwa kiasi gani katika bango moja, na je, zitasalimika zikifika kwenye skrini na kwenye plota, mashine ya kukatia stika?

Mwalimu wa Sanaa (Sakina, Arusha):

Kaka, umefanya vyema kuuliza kabla kazi haijaenda kuchapwa. Naomba nianzie kwenye asili ya herufi hizo, kwa sababu humo ndimo utakapoona kwa nini fonti ulizopakua hazikukubali.

Vijana wa London wa mwaka 1976 na 1977 hawakuwa na fonti chakavu hata moja. Walikuwa na mkasi, gundi, kalamu nene ya wino, taipureta na mashine ya fotokopi. Jarida la Sniffin' Glue, alilolianzisha Mark Perry mwaka 1976, liliandikwa kwa taipureta, vichwa vyake vikachorwa kwa kalamu ya wino, kisha kurasa zikatolewa fotokopi na kubanwa kwa pini. Jamie Reid, msanii aliyesanifu kazi za bendi ya Sex Pistols, alikata herufi magazetini na kuzipanga upya, njia ya gharama ndogo aliyokwisha kuizoea alipokuwa akichapa jarida la Suburban Press huko Croydon. Kwenye jalada la santuri yao ya God Save the Queen ya mwaka 1977, vipande vya herufi za aina hiyo vimefunika macho na mdomo wa Malkia Elizabeth wa Pili. Kwa njia hiyo herufi moja ikijirudia mara tatu huwa na sura tatu, kwa kuwa kila moja imetoka kwenye kichwa tofauti cha habari. Bendi ya Crass nayo ilipenda stensili (karatasi iliyokatwa matundu ya herufi) na rangi ya kupuliza, na yale mapengo unayoyaona katikati ya herufi za stensili hayakuwekwa kwa urembo: ndiyo madaraja yanayoshikilia kipande cha ndani cha O au A kisidondoke wakati karatasi inakatwa.

Kwa hiyo kila uchakavu katika kazi zile ulikuwa na kisababishi chake. Fotokopi ya fotokopi hula mistari myembamba na kunenepesha ile minene, na hutapanya vumbi jeusi pembezoni. Utepe wa taipureta uliochoka hufifisha upande mmoja wa herufi kuliko mwingine. Brashi inayoishiwa rangi huacha michirizi mwishoni mwa mstari, kamwe si mwanzoni. Ukizikagua fonti nyingi za bure utakuta zimechanganya yote kwa pamoja: umbo la taipureta, tone la brashi na ufa wa karatasi kuukuu, wakati hakuna kifaa duniani kinachoweza kutoa alama hizo tatu kwa mpigo mmoja. Msomaji hawezi kukueleza kasoro iko wapi, ila anaihisi, kama alivyoihisi mdhamini wenu.

Sisemi kwamba fonti ya kompyuta haifai. Mwaka 1991 Erik van Blokland alitoa FF Trixie, iliyotokana na maandishi ya taipureta halisi, na wengi wameiona katika nembo ya tamthilia ya The X-Files bila kujua jina lake. Kabla ya hapo yeye na Just van Rossum walikwisha kuunda Beowolf, fonti ambayo kingo zake zilijibadilisha zenyewe kila herufi ilipochapwa, yaani tatizo lako la A sita walilipatia dawa zaidi ya miaka thelathini iliyopita. Tofauti ni kwamba wao walianza na swali la jinsi herufi inavyozaliwa, na muonekano ukafuata.

Kuhusu kiasi, ushauri wangu ni kwamba herufi chakavu ibebe kichwa peke yake, na pengine jina la msanii mmoja mkubwa. Mahali, saa, kiingilio na namba ya simu viandikwe kwa herufi safi ya kawaida au ya taipureta. Hata wale wenyewe hawakuandika aya nzima kwa herufi za kukata magazetini. Na kumbuka kwamba maneno yetu ni marefu: neno kama WATAKAOHUDHURIA lina herufi kumi na tano, na likiandikwa lote kwa fonti iliyomeguka, mtu aliye ndani ya kifodi kinachotembea hawezi kulimaliza.

Fundi Skrini (Moshi):

Mkuu, mimi ninachapa tisheti hapa Moshi, na kila unapokaribia msimu wa mbio za Kilimanjaro Marathon huletewa mafaili ya kila aina, kwa hiyo nitajibu upande wa uchapaji tu.

Mikwaruzo inayopendeza kwenye kioo cha kompyuta ndiyo inayotusumbua kwenye wavu. Unapopiga mwanga skrini, yaani wavu uliopakwa dawa inayokauka kwa mwanga, sehemu iliyokingwa na wino mweusi wa filamu (karatasi angavu yenye mchoro wako) hubaki laini na kuoshwa, nayo huwa tundu la kupitishia wino. Sehemu iliyopigwa na mwanga hukauka na kuziba. Maana yake ni kwamba kila kidoa cheupe ndani ya herufi yako ni kisiwa kidogo cha dawa iliyokauka, kimeshikiliwa na nyuzi mbili tatu za wavu. Kikiwa kidogo mno hung'oka kwa nguvu ya maji wakati wa kuosha, na kisipong'oka, wino hukizingira kikazibika baada ya tisheti chache. Tisheti ya kwanza itakuwa na mikwaruzo, na ya mwisho itakuwa na herufi nene isiyo na chochote ndani. Vile vidoa vyeusi vya nje ya herufi navyo vina lake: vikitoka vizuri, mnunuzi hudhani ni uchafu wa skrini yangu na kuirudisha tisheti.

Mimi huwaambia wateja wangu kwamba mstari mweusi usipungue nusu milimita na uwazi ndani ya herufi usipungue milimita moja, vikipimwa kwa ukubwa halisi wa kuchapwa. Usipime kwenye kioo. Chapa kichwa kwenye karatasi kwa ukubwa utakaokaa kifuani, kibandike ukutani, kisha simama mbali kwa hatua chache. Mkwaruzo usioonekana kutoka hapo ufute, kwa sababu hauna kazi. Mikwaruzo michache mikubwa ni bora kuliko vumbi jingi.

Kwa stika za plota hali ni ngumu zaidi. Kisu huzunguka kila kidoa, na fonti chakavu moja inaweza kuwa na maelfu ya vidoa, kwa hiyo mashine huchelewa, stika huchanika, na anayekaa na kibanio akichambua vipande hivyo kimoja kimoja atakukumbuka kwa ubaya. Ukitaka stika yenye sura hiyo, ichapishwe kwa rangi kwanza, kisha plota ikate ukingo wa nje tu, na ukingo huo unaweza kuuchora kama karatasi iliyochanwa kwa mkono. Hapo utakuwa umepata fujo yote kwa mkato mmoja.

Nyongeza ndogo: kabla hujaipenda fonti yoyote, andika kwanza 5,000/= na neno NG'OMBE. Nyingi za bure hazina alama ya =, nyingine hazina ritifaa, na programu ikikosa alama hukopa kutoka fonti nyingine bila kukuarifu. Bango lenye bei iliyoandikwa kwa fonti mbili nimeshaletewa si mara moja.

MpitaNjia (Kaloleni):

Mimi ninauliza jambo la msingi zaidi: kwa nini tuende London? Wahenga walisema nguo ya kuazima haisitiri matako. Toka Ngarenaro kwa miguu hadi Kilombero ukiangalia kuta tu. Utasoma NYUMBA HII HAIUZWI, OGOPA MATAPELI. Utasoma USIKOJOE HAPA, FAINI 50,000/=. Hayo ni maandishi yenye hasira ya kweli, yaliyoandikwa kwa brashi kuukuu na rangi iliyobaki, na mengine kwa oili chafu. Tazama oili chafu inavyofanya kwenye plasta: herufi yenyewe ni nyeusi, lakini baada ya muda mafuta hunywewa na ukuta na kuacha kivuli cha kahawia kuizunguka. Hakuna fonti ya kupakua yenye kivuli hicho.

Tazama pia jinsi mwandishi anavyoanza kwa herufi kubwa za kujiamini, NYUMBA ikamaliza nusu ya ukuta, halafu akashtuka kwamba nafasi inakwisha, ndipo HAIUZWI ikaanza kubanana, ZWI ikapanda juu kidogo na I ikasimama pembeni kabisa ya kona. Upangaji huo ni wa panki kuliko panki yenyewe, na kila mkazi wa mji huu ataufahamu bila kuelezwa.

MbunifuChuga:

Nawashukuru wote. MpitaNjia, hoja yako imenigusa, na nimepita leo kuangalia kuta hizo kwa jicho jipya. Nina mashaka mawili. Kwanza, wateja wameomba panki kwa jina, na sitaki waone nimewabadilishia kazi. Pili, miongoni mwa alama za ukutani ipo ile X nyekundu inayowekwa kwenye nyumba zilizo ndani ya hifadhi ya barabara. Kimuonekano ina nguvu kuliko zote, na mmoja wa vijana ameipendekeza iwe nembo ya tisheti. Mnaonaje?

Mwalimu wa Sanaa:

Hiyo X iache. Kwenye hadhira yenu hatakosekana mtu aliyewahi kuamka na kuikuta ukutani kwake, na kwake yeye haiwezi kuwa pambo la kifuani. Panki ilichokoza wakubwa. Kumchokoza aliyebomolewa nyumba ni jambo jingine.

Kuhusu shaka ya kwanza, sioni mgongano. Wateja wako wanapenda nguvu ya yale majalada, na nguvu hiyo ilitokana na watu kutumia kilichokuwa mkononi mwao na mtaani mwao. Waoneshe rasimu mbili bila maelezo marefu, moja ya herufi za kukata magazetini na nyingine ya brashi ya ukutani, waamue wenyewe. Hata ile ya magazeti unaweza kuitengeneza hapahapa: vichwa vya magazeti yetu ya michezo vina herufi nene, nyekundu na nyeusi, zinazotosha kukata TAMASHA LA MTAANI mara kadhaa bila kurudia A moja.

Mama Steshenari (Moshi):

Wanangu, naomba nitofautiane kidogo na MpitaNjia. Kwenda kupiga picha maandishi ya ukutani ya mtu, kuyasafisha kwenye kompyuta na kuyauza kwenye tisheti si ubunifu wa kujivunia, hasa wakati aliyeandika yupo na anatafuta kazi. Mafundi wa maandishi bado wapo Arusha na Moshi. Wengi wamekosa kazi tangu mabango ya fleksi yaenee, na mkono wao haujapotea. Mtafuteni mmoja, mnunulieni kopo la rangi, mpeni kipande cha ubao kilichopakwa plasta au karatasi ngumu, aandike kichwa chenu, mumlipe, na mkubaliane kwa maandishi kwamba mtakitumia kwenye bango na tisheti. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inamlinda mchoraji kama inavyomlinda mwanamuziki, na vijana wanaotaka nyimbo zao zisiibwe wasianze kwa kuiba mkono wa mwingine.

Vivyo hivyo kwenye fonti. Nyingi ya hizo za bure zina faili dogo la maelezo linalosema ni kwa matumizi binafsi tu, na tisheti inayouzwa si matumizi binafsi. Ukihitaji fonti usiyoiogopa, Google Fonts ina Permanent Marker ya kalamu nene, Rock Salt ya mwandiko wa haraka na Special Elite ya taipureta, na leseni zake zinaruhusu kazi ya biashara. Hiyo ya taipureta ingefaa sana kwa taarifa za chini ya bango.

Na ninyi mnaosifia kuta za Arusha, njooni pia Moshi muone magunia ya kahawa. Stensili zake zina mapengo yale aliyoyaeleza Mwalimu, wino umezama kwenye nyuzi za katani, na namba zimepinda kwa sababu gunia lilikuwa limejaa wakati linapigwa chapa. Mimi nimeyaona tangu utoto wangu na hadi leo huwa nasimama kuyasoma.

MbunifuChuga:

Mama, shikamoo, na asante kwa kuniweka sawa. Nimezungumza na vijana pamoja na mdhamini. Wamekubali kichwa kiandikwe na fundi wa maandishi wa hapa mjini, majina ya wasanii yawe ya kukata magazetini, na taarifa zote zilizobaki ziwe kwa Special Elite. Mdhamini ameridhika kwa sababu namba yake ya simu itasomeka. Sidhani kama kuna lingine lililomsumbua tangu mwanzo.

Nina swali la mwisho la kiufundi. Vijana wangependa baadaye kutumia mkono uleule kwa kazi nyingine, yaani niugeuze kuwa fonti yao. Je, nifanyeje ili nisirudi kwenye A sita zinazofanana? Na kwa sasa, mchoro wa fundi niuingizeje kwenye kompyuta bila kupoteza ukali wa brashi?

Kodi na Herufi (Arusha):

Kwa fonti, dawa iko kwenye OpenType, yaani aina ya faili la fonti. Faili moja la fonti linaweza kubeba maumbo kadhaa ya herufi ileile, pamoja na kanuni inayoiambia programu ibadilishe umbo kila herufi inapojirudia karibu karibu. Kwa Kiswahili usigawe kazi sawasawa: mwombe fundi akuchoree A nne au tano, halafu I, U, E, O, N, M na K tatu tatu, na zile adimu moja inatosha, kwani X na Q hutazihitaji isipokuwa kwenye jina la msanii. Aziandike ndani ya maneno kamili. Akiandika A peke yake mara tano atazitengeneza zifanane bila kukusudia, lakini A ya KARIBU na A ya BARAZA huja na mwendo tofauti wa mkono. Hakikisha programu yako imewashiwa mbadala huo, kwa kuwa baadhi ya programu huusoma na nyingine huupuuza.

Kwa bango la sasa, hata hivyo, huna haja ya fonti. Kichwa ni herufi kumi na tano tu. Kichukue chote kama mchoro mmoja. Kama fundi ameandika kwenye karatasi, skani kwa nukta 600 kwa inchi, kwa rangi ya kijivu na si nyeusi na nyeupe, kisha wewe mwenyewe uamue ni kijivu kipi kiwe cheusi na kipi kiwe cheupe. Hapo ndipo ukali wa brashi huokolewa au hupotea: ukibana sana michirizi ya mwisho wa mstari inakatika, na ukilegeza sana inaungana na kuwa doa. Ukishaugeuza mchoro kuwa vekta (mchoro wa mistari unaokuzwa bila kufifia), usiiachie programu ikulainishie kingo, maana itazigeuza herufi zote kuwa kama sabuni iliyotumika.

Fundi Skrini:

Naongezea hapo hapo: tengeneza mafaili mawili kutoka kwenye skani hiyo moja. La bango liache na michirizi yote, kwa sababu mashine ya karatasi itaitoa. La tisheti libane kidogo zaidi na ujaze kila uwazi ulio chini ya milimita moja. Filamu ikiwa tayari, usianze na tisheti za wateja. Lete kipande cha kitambaa kilekile, tupitishe wino mara kumi mfululizo bila kusafisha wavu, kisha tulinganishe cha kwanza na cha kumi. Kama mguu wa A ya mwisho bado una michirizi yake, tunaendelea na kazi yote. Ukiwa umezibika, unarudi nao nyumbani kuupanua, na skrini itakuwa imetugharimu dawa kidogo tu.